UZI: Bomba la majitaka limepasuka chini ya bustani au chini ya barabara, nani analipa? Wenye nyumba wa huku nje pitieni hapa

fundi_wa_kaskazini
Wakuu salaam. Mimi ni fundi bomba, niko Minneapolis, na kila theluji ikianza kuyeyuka simu haikai mfukoni, nyingi ni za watu wetu walionunua nyumba za zamani na sasa majitaka yanapandia kwenye basementi, yani vyumba vya chini ya ardhi. Sasa maswali ni yale yale mawili, "si jiji ndo wanatakiwa kuja kurekebisha?" na "si ninalipia bima kila mwezi?" Nimechoka kujibu kwenye voisi noti moja moja, acha niweke hapa ibaki.

Swali la kwanza. Bomba linalotoka nyumbani kwako kwenda kwenye bomba kuu la barabarani ni LAKO. Hapa Minneapolis ni lako lote mpaka pale linapoungana na bomba kuu, hata kile kipande kilichopita chini ya lami ambayo hujawahi kuimiliki. Seattle nako hivyo hivyo. Kuna miji mingine Marekani inaishia kwenye mpaka wa kiwanja, yani ndani ya kiwanja chako ni wewe na nje ni wao, kwa hiyo usichukue maneno yangu wala ya shemeji yako wa Texas, piga simu ofisi ya maji ya mji wako uulize neno kwa neno "mwenye nyumba anaishia wapi?" Na huku kwetu mabomba yanazikwa chini sana sababu ya baridi, kwa hiyo kuchimba kwenyewe tu ni hela, halafu ukigusa barabara kuna kibali, kuna kuzuia magari, kuna kurudisha lami kama ilivyokuwa. Bili ya kubadilisha laini nzima naona kuanzia dola 5,000 na ikishaingia barabarani inapita 20,000 bila shida.

Swali la pili. Bima ya kawaida ya nyumba, hii HO-3 ambayo wengi wetu tunayo kwa sababu benki imelazimisha, bomba lenyewe la nje hailipi mara nyingi. Imeandikwa kabisa humo ndani kwamba uchakavu, kutu, kuoza, udongo kusogea, vyote vimetolewa. Na majitaka kurudi ndani kupitia bomba nayo imetolewa, labda uwe umenunua nyongeza, yani kinga ya ziada unayoilipia juu ya bima ya kawaida. Sasa niambieni bomba la miaka 70 linaharibika kwa sababu gani nyingine?

Kijana wa Pwani
Naweka kambi hapa. Wakuu leteni nondo.

mama_mwenye_shamba
Yani lami ya jiji, nguzo ya jiji, mti wa jiji, ila bomba lililo chini yake la kwangu mimi? Na mti ule wa pembeni ya barabara ndo mizizi yake imeingia, hapo inakuwaje?

fundi_wa_kaskazini
Mama, hilo la mti ndo linaumiza watu sana. Jibu utakalopewa sehemu nyingi ni kwamba mzizi haujatoboa bomba zima, umefuata unyevu ukaingia palipokuwa na mwanya kwenye kiungo, na kiungo ni chako, kwa hiyo ungelikarabati usingeingia. Na kusema kweli kiufundi hawajakosea sana. Mabomba ya udongo ya zamani yalikuja vipande vifupi, kila hatua moja kuna kiungo, na vile viungo vilisilibwa kwa saruji ambayo inapasuka na miaka. Mzizi mwembamba kama uzi unapenya, ukishaonja unanenepa, siku moja karatasi inanasa basi.

Wapo wanaodai jiji na wakalipwa, ila mara nyingi ni pale bomba KUU ndo limeziba na ukaweza kuonyesha jiji walikuwa wanajua au walizembea. Ndo maana nasema majitaka yakipanda, simu ya kwanza piga jiji kabla ya fundi. Miji mingi wana namba ya dharura, wanakuja kuangalia bomba kuu na hawakutozi kitu. Kama kuu iko safi wanakuandikia, unajua tatizo ni lako. Kama imeziba, wewe una ushahidi wenye tarehe, na usikae nao, madai dhidi ya jiji yana muda wake wa kutoa taarifa.

bima_na_mimi
Mkuu mleta uzi heshima yako, ila mimi ni wakala wa bima na hapo kwenye "hailipi" umekata kona kubwa mno, watu watasoma hapa waache kudai haki yao. Ngoja nifafanue.

Bima inatazama CHANZO halafu inatazama KITU GANI kimeharibika, na hivyo viwili usivichanganye. Mfano bomba la chuma lililo chini ya sakafu yako, ndani ya nyumba, limepasuka ghafla maji yakamwagika. HO-3 bomba lenyewe haikununulii, hapo uko sahihi. Lakini sakafu iliyoharibika kwa maji hayo inaweza kulipwa, na gharama ya KUVUNJA na kurudishia sakafu ili fundi alifikie bomba nayo inaweza kulipwa, ni kifungu kipo kabisa kwenye hati ya bima. Watu wengi wanadai bomba la dola mia tano, bima inakataa, wananyamaza, kumbe kuvunja zege na kurudishia vigae ilikuwa maelfu na hawakudai. Florida kule mabomba ya chuma ya chini ya nyumba yamepeleka watu mahakamani kwa wingi kwa ugomvi huu huu, uchakavu wa bomba ni kitu kimoja na maji yaliyomwagika ghafla kwa sababu ya huo uchakavu ni kitu kingine.

Ila ikivuja kidogo kidogo kwa miezi, hapo umeshaharibu, kuvuja kwa muda mrefu kumetolewa.

fundi_wa_kaskazini
Nakubali mkuu, mimi nilikuwa naongelea bomba la nje, laini ya kwenda barabarani. Ndani ya nyumba umesema kweli. Endelea basi na zile nyongeza, wewe ndo unaziuza 😂

bima_na_mimi
Haya. Nyongeza ziko mbili na kila siku watu wanadhani ni moja.

Ya kwanza ni ya majitaka kurudi ndani. Hii inahusu uchafu ulioingia: kusafisha, zulia, ukuta, boila, mashine ya kufulia. BOMBA haimo. Mara nyingi inaanzia kikomo cha dola 5,000 na ukitaka unaongeza. Basementi iliyomaliziwa vizuri, ina vyumba na kapeti, 5,000 inaisha kabla hamjatoa hata samani, maana maji ya kinyesi sio ya kudeki na jiki, kapeti inatupwa, ukuta wa jasi unakatwa chini, mashine za kukausha zinakaa hapo siku kadhaa na kila siku ina bei.

Ya pili ni ya laini za huduma, yani bomba la majitaka, la maji, waya wa umeme wa chini kwenye kiwanja chako. HII ndo inalipa bomba lenyewe na kuchimba na kurudisha bustani, na uzuri wake inakubali vitu ambavyo hati kuu inavikataa, mizizi, kutu, uchakavu. Kikomo cha kawaida ni dola 10,000, didaktibo kama 500 hivi, ile hela unayotoa wewe kwanza. Bei yake kwa mwaka mara nyingi ni hela ya kula mgahawani mara moja na familia. Ila soma inaishia wapi, maana kama jiji lako linasema wewe mpaka katikati ya barabara na nyongeza inaishia kwenye mpaka wa kiwanja, kile kipande ghali kuliko vyote kimebaki kwako. Na wenye mashimo ya septiki huko vijijini, ulizeni kabisa, nyingi haziyagusi.

Kuna mtu atauliza, nikishaona tatizo si naongeza nyongeza leo halafu kesho nadai? Hapana mzee. Lililokuwepo kabla halilipwi na kuficha ni kosa kubwa.

Njeri wa Brooklyn Park
Asanteni sana kwa hii mambo. Mimi ni yule amepigwa ngumi. Kwangu majitaka ilipanda kupitia floo dreini, ile shimo ya kutoa maji kwa sakafu ya basementi, nikaita kampuni ya kuzibua wakapitisha waya wakatoa mizizi, kamera ikaonyesha bomba la udongo limeshuka mahali. Nikafungua kleimu kwa bima, adjasta, yule mtu wao wa kukagua madai, akakuja akapiga picha, halafu nikapata barua inasema tu uchakavu, imekataliwa yote. Na mimi niko na hiyo nyongeza ya kwanza ya majitaka kurudi ndani, nimeangalia saa hii iko hapo kwa karatasi! Kampuni nao wananiambia laini yote ibadilishwe, 14,000, na wanataka saini wiki hii eti wako na nafasi. Nifanye aje?

bima_na_mimi
Dada usisaini chochote kwanza. Barua ya kukataa inatakiwa ikuonyeshe kifungu walichokitumia. Waandikie, sio simu, ANDIKA, omba vitu viwili: kifungu gani kwa kila sehemu ya dai, na kwa nini nyongeza ya majitaka kurudi haikuangaliwa. Inavyonekana adjasta aliona neno "mizizi" kwenye ripoti ya fundi akafunga faili lote kwa sababu ya bomba, hakutenganisha bomba na uchafu uliokuingilia ndani. Bomba linaweza kweli kukataliwa kama huna ile nyongeza ya pili. Lakini kapeti na usafi ni dai lingine kabisa, kwa nyongeza nyingi chanzo kuwa mizizi au uchakavu hakizuii malipo, ndo sababu ya kuuziwa hiyo nyongeza.

Ambatanisha picha, risiti, na kama ulitupa kitu bila kukipiga picha andika orodha yake sasa hivi kabla hujasahau. Wakiendelea kugoma, Minnesota malalamiko ya bima yanapelekwa Idara ya Biashara ya jimbo, ni bure, na kampuni inatakiwa ijibu. Majimbo mengine kila moja lina ofisi yake ya bima.

fundi_wa_kaskazini
Na mimi niongeze upande wa 14,000. Njeri dada yangu, omba VIDEO yenyewe, sio picha mbili. Pale kwenye skrini kuna namba zinatembea, zinaonyesha kamera iko futi ngapi kutoka ilipoingilia. Mwambie akuonyeshe kwa namba hiyo shida inaanzia wapi na inaishia wapi, na aweke alama juu ya ardhi kwa kile kifaa cha kutafuta kichwa cha kamera. Kama kilichoshuka ni kipande kimoja kwenye bustani yako, kunachimbwa shimo pale pale, hakuna haja ya kubadilisha laini nzima. Wenye tamaa wapo, ila pia wapo mafundi waaminifu wanaokwambia badilisha yote kwa sababu viungo vyote vimeshachoka, na video ndo itakuonyesha huyu wako ni yupi. Video hiyo hiyo mpe fundi wa pili na wa tatu wakupe bei.

Uliza pia kuhusu kuvalisha bomba kwa ndani. Hii kazi ilianzia London mwaka 1971, jamaa anaitwa Eric Wood, wanaingiza mfuko wa kitambaa uliolowekwa resini ndani ya bomba bovu, wanaujaza hewa au maji unabana ukutani, unakauka unakuwa bomba jipya ndani ya la zamani. Bustani haichimbwi. Mimi naipenda sana ila USIKUBALI kuuziwa pale ambapo bomba limelala tumbo, yani limezama katikati, au limeporomoka, maana mfuko unafuata umbo la bomba, tumbo linabaki tumbo na maji yatasimama pale pale. Kwako wewe uliyeambiwa "limeshuka", hilo ni swali la kwanza. Njia nyingine ni ya kulipasua la zamani huku unavuta jipya nyuma yake, hiyo inahitaji mashimo mawili tu, mwanzo na mwisho.

Mzee wa Reading
Nawasoma nikiwa Uingereza na nawaonea huruma. Huku tangu 1 Oktoba 2011 sheria ilibadilika England na Wales, mabomba mengi yaliyokuwa ya watu binafsi yakahamishiwa kampuni za maji. Kanuni fupi ni hii: bomba likihudumia nyumba yako PEKE YAKE na liko ndani ya mpaka wako, ni lako. Likishatoka nje ya mpaka, au likishaungana na la jirani hata kama bado liko chini ya bustani yako, ni la kampuni ya maji. Sasa nyumba zetu nyingi huku zimeshikana ukuta kwa ukuta, mabomba yanapita nyuma kwa pamoja, unakuta mtu anaita fundi binafsi anatoa mia nane pauni kwa bomba ambalo kampuni ingekuja kulizibua bure. Nimeona kwa Waswahili wenzangu mara nyingi, jirani yako naye akiwa amezibiwa siku hiyo hiyo jua hilo ni la pamoja.

Na bima ya majengo huku nyingi zina kifungu cha uharibifu wa bahati mbaya kwa mabomba ya chini, ila nao wakiona yale mabomba ya lami na nyuzi ya miaka ya 50 mpaka 70 wanaanza kukohoa.

fundi_wa_kaskazini
Hahaha mzee kumbe na nyie mnayo! Huku yanaitwa Orangeburg, ni jina la mji wa New York yalikotengenezwa, ni nyuzi za mbao zimeshindiliwa na lami ya makaa ya mawe. Yaliwekwa kwa wingi baada ya vita kuu ya pili mpaka kiwanda kikafungwa 1972. Bomba la karatasi wakuu, nasema bila utani. Likikaa kwenye udongo linabonyea linakuwa yai, halafu linamenyeka ndani. Kama nyumba yako imejengwa 1945 mpaka mwanzo wa 70 na hujui una bomba gani, tafuta kujua, na fundi akija na ule waya wenye kisu mwambie apeleke taratibu, unaweza ukalichana lote.

Chemba imejaa
Sisi wa Sinza, Dar, tunawaangalia tu 😂😂 huku kwetu shimo ni lako, chemba ni yako, gari la kunyonya ni la hela yako, na wakati wa mvua za masika jirani anafungulia la kwake mtaroni usiku. Waliounganishwa kwenye mtandao wa majitaka wa DAWASA, mamlaka ya maji ya Dar, ni wachache, sehemu kubwa ya mji ni mashimo. Bima ya nyumba wengi ni ile inayotakiwa na benki, ya moto na majanga mengine, ukiisoma utakuta tenki na mabomba ya maji kupasuka yamo, ila shimo kutitia kwa uzee hulipati popote.

Swali kwa mleta uzi, kuna jamaa yangu yuko Ohio anasema amepata barua ina nembo ya jiji inamwambia alipe dola kadhaa kwa mwezi bomba lake lilindwe. Ni matapeli?

fundi_wa_kaskazini
Sio lazima wawe matapeli. Miji kadhaa imeingia mkataba na kampuni binafsi na inaziruhusu kutumia nembo yake, ila pia zipo barua zinazoiga tu sura ya serikali, kwa hiyo apige jiji aulize. Na ajue ile ni hiari, hakuna sheria inayomlazimisha. Mara nyingi inakuwa na siku 30 za kusubiri, kikomo kwa kila tukio, na wao ndo wanamchagua fundi. Nyongeza ya laini kwenye bima kwa kawaida inatoka rahisi zaidi kwa mwaka, ila sio kampuni zote za bima zinaiuza, na ukishakuwa na kleimu nyingi kwenye bima bei inapanda, wakati madai ya hii mipango ya barua hayaingii kwenye rekodi yako ya bima. Apige hesabu zote mbili.

Kijana wa Pwani
Mie nipo Oakland natafuta nyumba, nimesikia huku kuna cheti cha bomba?

bima_na_mimi
Ndio, eneo lenu la East Bay, laini ya majitaka inatakiwa ipimwe na ipate cheti nyumba inapouzwa, au ukifanya ujenzi wa zaidi ya dola 100,000, au ukibadilisha ukubwa wa mita ya maji. Laini ikibadilishwa yote cheti kinakaa miaka 20, ikikarabatiwa tu au ikapita kipimo ni 7. Kwa mnunuzi hiyo ni nafuu kubwa, maana sehemu nyingine inspekta wa kawaida wa nyumba anafungua bomba anaona maji yanashuka anaandika "sawa". Kamera haimo kwenye bei yake, unaiagiza mwenyewe, dola mia mbili tatu hivi, na unaiagiza KABLA muda wa ukaguzi kwenye mkataba haujaisha ili muuzaji ashushe bei au atengeneze.

mama_mwenye_shamba
Na sisi wa tauni-hausi, nyumba zilizoshikana, tunaolipa chama cha wenye nyumba kila mwezi?

bima_na_mimi
Soma katiba ya chama mama, kila chama na lake. Kuna wanaobeba kila kitu kilicho nje ya kuta, kuna wanaokuachia bomba linalokuhudumia peke yako.

Njeri wa Brooklyn Park
Nimerudi na majibu. Niliandika vile mliniambia. Wamefungua faili tena, ya bomba wamekataa kabisa, lakini ya kusafisha na kapeti na boila wamekubali chini ya nyongeza, wanatoa mpaka kikomo ukitoa didaktibo. Sio yote ila sikuwa nangoja kitu. Fundi wa pili aliona video akasema ni kipande cha bustanini peke yake, bei ni chini ya nusu ya ile ya kwanza. Sasa nauliza, nikikosa hiyo pesa yote mara moja? Na nikipata, namlipa vipi huyu mtu nisiuziwe mbuzi kwa gunia?

fundi_wa_kaskazini
Safi sana! Hela, uliza jiji lako kama wanakubali gharama iwekwe kwenye kodi ya nyumba uilipe kwa miaka kadhaa. Minneapolis na Saint Paul wanafanya, vitongoji vingine navyo vina utaratibu wake, kuna riba ila sio ya kadi.

Malipo, mpe kianzio tu. Fundi apige simu namba 811 kabla ya kuchimba, ni bure na ni sheria, wanakuja kuchora gesi na umeme ulipo, ila kumbuka 811 kwa kawaida hawachori bomba lako la majitaka, hilo analitafuta yeye. Kibali kiwe kwa jina lake yeye, na shimo lisifukiwe mpaka inspekta wa jiji ameona. Akimaliza, kamera ipite tena mbele yako na upewe video. Hela ya mwisho itoke baada ya hapo, na akusainie karatasi ya kuachia haki ya kushika nyumba, yeye na kila aliyemuuzia mabomba au kumkodisha katapila, maana Minnesota asipowalipa hao wanaweza kuiwekea nyumba YAKO zuio wakati wewe ulishamlipa yeye. Mwambie mapema utaitaka hiyo karatasi, usingoje siku ya mwisho.